Baridi ya Warusi yafika Mashewa

Mashewa iko wilayani Korogwe, katika bonde la Lwengera, na milima ya Usambara imeizunguka huku na huku. Anayetoka Korogwe mjini kwa basi hupitia Magoma, na akifika huwa amekwisha kuwa rangi moja na barabara. Nilikwenda huko miaka kadhaa iliyopita kwa shughuli za ukoo, nikafikia kwa bibi yangu mmoja, shangazi yake mama. Jioni ya pili mjukuu wake, kijana wa miaka ishirini na kitu, aliniambia: "Mjomba, twende kibandani. Leo kuna picha ya Warusi."

Kibanda chenyewe kilikuwa cha mabati, mabenchi ya mbao, jenereta nje ikikohoa, na kiingilio cha shilingi mia mbili. Bibi naye alikuja, akawekewa kiti karibu na mlango, na hakuna aliyethubutu kumdai kiingilio. Kama ilivyo desturi ya vibanda vyetu, alikuwapo mtafsiri na kipaza sauti chake. Jijini Dar es Salaam kazi hiyo iliwahi kumpa mtu umaarufu mkubwa kwa jina la Lufufu, na kila mji ukapata Lufufu wake. Huyu wa Mashewa hakujua Kirusi hata neno moja, lakini jambo hilo halikumsumbua. Binti wa kwenye picha akampa jina la Mwanaidi. Mama wa kambo akabaki mama wa kambo, maana huyo hahitaji kutafsiriwa. Na yule mzee mwenye ndevu nyeupe anayepita msituni akigandisha miti, alimwita Mzee Baridi wa Lushoto. Watu walicheka mpaka jenereta ikawa haisikiki.

Ilipotokea nyumba inayosimama juu ya miguu ya kuku na kugeuka, akatoka ndani yake bibi kizee mwenye pua ndefu, kicheko kilikatika. Tulipokuwa tukirudi nyumbani kwa mwanga wa tochi, bibi akasema neno moja tu: "Hadithi hiyo ni yetu. Wao wameongeza barafu."

Wiki hii nataka tulizungumze neno hilo la bibi, kwa sababu ni la kweli kuliko yeye mwenyewe alivyodhani.

Picha ile inaitwa Morozko. Ilitengenezwa Moscow mwaka 1964 na mwongozaji Aleksandr Rou, mtu aliyetumia karibu maisha yake yote ya kazi kupiga picha za ngano. Bibi kizee wa nyumba ya miguu ya kuku anaitwa Baba Yaga, na huenda ukashangaa kusikia kwamba aliyemwigiza ni mwanamume, Georgy Millyar, ambaye alirudia nafasi hiyo katika picha kadhaa. Lakini leo sitaki tumzungumzie mwongozaji wala mwigizaji. Nataka tuwazungumzie watu wawili ambao majina yao hupita haraka mwanzoni mwa picha, wakati watazamaji bado wanatafuta pa kukaa: Nikolai Erdman na Mikhail Volpin, walioandika mchezo wenyewe.

Erdman na Volpin hawakuitunga Morozko kutoka hewani. Karne moja kabla yao, Mrusi mwingine, Aleksandr Afanasyev, alikusanya ngano za watu wa vijijini, karibu 600, akazichapisha kati ya mwaka 1855 na 1863. Miongoni mwake imo ngano fupi ya mtoto wa kambo. Mama wa kambo anamwamuru mumewe ampeleke binti yake msituni, amwache huko afe kwa baridi. Baridi yenyewe, kwa umbo la mtu, inamjia na kumwuliza kama anaona joto. Binti anatetemeka lakini anajibu kwa adabu. Baridi inauliza tena, anajibu kwa adabu tena. Mwishowe anapewa mavazi na mali. Mama wa kambo kuona vile, anampeleka bintiye wa kumzaa. Huyu anatukana. Baba anaporudi kumchukua anamkuta ameganda, amekufa. Basi, hadithi imekwisha. Ukiisimulia polepole, na chai hujamaliza.

Sasa wewe umepewa kazi ya kuifanya hiyo kuwa picha ya saa moja na dakika ishirini na zaidi. Utafanyaje?

Hapa ndipo watu wengi hudhani kwamba kazi ya mwandishi wa picha ni kunakili. La hasha. Ngano husimuliwa kwa kinywa, na kinywa kinaweza kusema "akaenda, akaenda, akaenda" na msikilizaji akakubali kwamba miaka mitatu imepita. Kamera haiwezi. Kamera inauliza: alikwenda wapi, amevaa nini, njiani alikutana na nani? Msimuliaji akisema zimwi, kila mtoto aliyekaa kwenye mkeka anajichorea la kwake, na lake ndilo linalotisha kuliko yote. Mwandishi wa picha lazima achague zimwi moja, na akikosea, watu watacheka mahali walipotakiwa kuogopa.

Erdman na Volpin walifanya mambo mawili. Kwanza waliongeza mtu wa pili, kijana aitwaye Ivan, mzuri wa sura na mwenye majivuno mengi, ambaye kwa utovu wa adabu anageuzwa kichwa kuwa cha dubu na hawezi kurudi kuwa mtu mpaka ajifunze kumtendea mwingine wema bila kutaka sifa. Tazama walivyofanya kwa akili: ngano ya zamani inampima msichana kwa adabu, wao wakampima na mvulana pia, kwa kipimo kile kile. Pili, walibadili mwisho. Binti mwenye matusi hafi. Anarudi kijijini juu ya sleji, lile gari la theluji lisilo na magurudumu, likivutwa na nguruwe, na sanduku lake la "mali" likifunguliwa, wanaruka kunguru. Adhabu yake ni kuchekwa na kijiji kizima. Mimi binafsi naona adhabu hiyo ni nzito vya kutosha, na ni bora kuliko maiti mbele ya watoto.

Pengine utauliza, watu hawa walijuaje uzito wa kuchekwa na uzito wa adhabu? Walijua kwa ngozi zao. Erdman alikuwa mwandishi wa tamthilia za kuchekesha zenye makali. Tamthilia yake moja ilipigwa marufuku mwaka 1932, na mwaka uliofuata, picha aliyoshiriki kuiandika ikiwa bado inapigwa, alikamatwa kwa ajili ya mashairi yake ya kejeli, akapelekwa uhamishoni Siberia, ambako baridi si ya hadithi. Volpin naye alikamatwa mwaka huo huo. Walipoandika habari za Mzee Baridi miaka thelathini baadaye, hawakuwa wakibahatisha.

Hata ngano zenyewe zilikuwa na kesi katika nchi ile. Baada ya mapinduzi ya mwaka 1917 walitokea wataalamu wa elimu waliosema kwamba hadithi za wafalme na vizee wa msituni zinawapumbaza watoto wa wafanyakazi. Ilibidi mwandishi mashuhuri Maxim Gorky asimame kuzitetea simulizi za wananchi katika mkutano mkuu wa waandishi mwaka 1934. Tangu hapo njia ikafunguka: Vasilisa mwaka 1939, Ua la Jiwe mwaka 1946, Sadko mwaka 1952, na mwaka 1967 picha ya kutisha iitwayo Viy, iliyotokana na hadithi ya Nikolai Gogol. Huyu Gogol tunamfahamu kidogo kwa sababu tamthilia yake ilifasiriwa kwa Kiswahili kwa jina la Mkaguzi Mkuu wa Serikali. Katika Viy, Gogol alidai kwamba anasimulia tu ngano ya watu kama alivyoisikia. Wachunguzi waliitafuta ngano hiyo wasiipate katika umbo lile. Inaelekea alijitungia sehemu kubwa, kisha akawasingizia wazee. Wako waandishi wengi wa namna hiyo, hata kwetu.

Na Sadko ina kisa chake cha kuchekesha. Ni habari za mpiga kinanda wa mji wa Novgorod anayesafiri baharini kutafuta ndege wa furaha. Wamarekani waliinunua, wakaikata, wakaweka maneno ya Kiingereza, na mwaka 1962 wakaitoa kwa jina la safari ya Sindbadi! Kijana aliyepewa kazi ya kuandika maneno hayo mapya alikuwa Francis Ford Coppola, ambaye baadaye aliongoza The Godfather. Kwa hiyo mtafsiri wetu wa Mashewa, anayempa binti wa Kirusi jina la Mwanaidi, asione haya. Yuko katika kundi la wakubwa.

Turudi kwa bibi. Alisema hadithi ni yetu. Usiku ule nilimwomba anisimulie ya kwake, naye akanisimulia. Mtoto wa kambo anatumwa mtoni kuosha kibuyu. Mtoni anamkuta bibi kizee mwenye vidonda mgongoni, anamwomba amwoshe. Mtoto anamwosha bila kukunja uso. Bibi anampa maelekezo na zawadi, anarudi nyumbani ametajirika. Binti wa pili anatumwa makusudi. Yeye anaziba pua na kumcheka kizee. Anarudi na kibuyu kilichojaa nyoka. Ukiondoa barafu ukaweka mto, ni hadithi ile ile. Wataalamu wa simulizi wana orodha kubwa ya ngano za dunia, iliyoanzishwa na Antti Aarne wa Finland mwaka 1910, na hii ya wasichana wawili, mwema na mkorofi, imepewa namba 480. Imeonekana Ulaya, Asia na Afrika. Bibi hakuijua namba hiyo, lakini aliitambua hadithi kwa dakika chache akiwa amekaa mlangoni.

Asubuhi yake yule mjukuu aliniletea daftari. Kumbe kijana ni mwandishi. Ameichukua hadithi ya bibi yake na kuifanya mchezo wa picha, kurasa hamsini kwa mkono, mwandiko mzuri. Nilisoma nikiwa nimekaa chini ya mwembe. Mwanzo ulinifurahisha: msichana, mama wa kambo, kibuyu, ukungu unaoshuka kutoka milimani. Kisha nikafika mtoni. Bibi kizee wa mtoni amekuwa mchawi. Ana macho mekundu, anakula watoto, na katika ukurasa wa mwisho vijana wa kijiji wanamvamia kwa mapanga usiku na kumwua, watu wakishangilia.

Nikamwuliza, mbona bibi yako hakusimulia hivyo? Akanijibu bila kusita: "Mjomba, niliipeleka Dar. Aliyeisoma aliniambia bila mchawi picha haiuzwi. Alinipa elfu hamsini ya kuanzia, akasema nibadilishe mwisho." Hakukuwa na mkataba, hakukuwa na karatasi. Noti tano na namba ya simu.

Ndugu msikilizaji, mimi sina ugomvi na picha za majini na mizuka. Mwanzoni mwa miaka ya 2000, Mussa Banzi alipotoa picha kama Nsyuka na Shumileta, watu wengi walizipenda, na haki yao. Kutishwa ni starehe ya zamani. Ninachosema ni kwamba kizee wa ngano si kitu kimoja. Hata Baba Yaga wa Warusi, mwenye meno na nyumba ya kutisha, katika ngano ya Vasilisa ndiye anayempa msichana moto wa kupeleka nyumbani. Huwezi kujua leo yuko upande gani. Inategemea umemwendea kwa adabu gani. Hapo ndipo ilipo nguvu yake. Ukimfanya mchawi mtupu wa kukatwa mapanga, umepunguza hadithi, hukuiongeza.

Na kuna jambo zito kuliko sanaa. Hapa nchini, hasa mikoa ya Shinyanga na Mwanza, vikongwe wameuawa kwa mapanga kwa kudhaniwa wachawi, na alama iliyotumika ni hiyo hiyo, macho mekundu. Macho ambayo mwanamke huyapata kwa kupika miaka hamsini kwenye moshi wa kuni na samadi. Korogwe si Shinyanga, lakini mkanda wa picha hauulizi mkoa. Bibi wa Mashewa naye anapikia kuni. Nilimtazama akipuliza moto jikoni huku nikiwa na daftari la mjukuu wake mkononi, sikupata la kusema.

Hayo yote si kwamba hazina ni haba. Mwaka 1870 Askofu Edward Steere alichapisha ngano alizozikusanya Unguja, na humo mna ya Sultani Majinuni na paka wake. Paka anaanza kwa kula mifugo ya watu. Watu wanalalamika, sultani anawajibu kwamba paka ni wake na mifugo ni yake. Paka anakua, anaanza kula watu, sasa anaitwa nunda. Mwishowe anawala watoto wa sultani mwenyewe. Kijana mdogo wa mwisho, aliyedharauliwa, anaapa kumwua. Anaua mnyama mmoja baada ya mwingine, mbwa, punda milia, twiga, kifaru, tembo, na kila mara mama yake anamwambia, mwanangu, huyu siye. Hebu fikiri picha hiyo! Nunda huhitaji kumwonyesha mpaka mwisho. Unaonyesha kivuli, zizi tupu, mlango uliovunjwa. Gharama ni ndogo, hofu ni kubwa. Na jibu lile la sultani kwa raia wake lina maana hata kwa mtu asiyependa ngano.

Au wasomaji wa Tanga wachukue Habari za Wakilindi, aliyoiandika Abdallah bin Hemedi, aliyekuwa liwali wa Tanga, ikachapishwa kwa sehemu Magila kati ya mwaka 1895 na 1907, na kuhaririwa upya na J.W.T. Allen mwaka 1962. Mbegha, mwindaji wa Nguu, alizaliwa kigego, yaani aliota meno ya juu kwanza, na jamaa zake wakamwona ni mkosi. Anafukuzwa urithi, anatangatanga na mbwa wake, anaonekana Usambara kwa moshi wa moto wake mlimani, anawagawia watu nyama, anaua simba usiku, na waliokuwa hawamjui wanamfanya mfalme. Mtoto aliyetakiwa kutupwa ndiye anayeitwa Simba Mwene. Tofauti ya kigego na mchawi ni ndogo: wote wawili wanahukumiwa kwa alama ya mwilini. Lakini Wasambaa walisimulia hadithi yao upande wa yule aliyehukumiwa.

Shaaban Robert, mtu wa Tanga, aliyajua haya yote. Mwaka 1951 aliitoa Kusadikika, nchi inayoelea angani, akaweka humo mahakama na mtu anayeshitakiwa kwa kutaka watu wajue sheria. Nchi ilikuwa chini ya Mwingereza, na nchi ya angani haina mtawala wa kukasirika. Mwaka 1952 akatoa Adili na Nduguze, iliyochotwa katika Alfu Lela Ulela: liwali mwema anayelazimika kuwachapa nyani wawili kila usiku huku analia. Mwandishi wa picha amepewa mwanzo wa bure hapo. Nani hatataka kujua kwa nini analia?

Na kama kuna anayesema kizee wa kimizimu bila mapanga hauziki, namkumbusha Maangamizi ya mwaka 2001, ya Martin Mhando na Ron Mulvihill, iliyoandikwa na Queenae Taylor Mulvihill. Humo mzuka wa mababu humtokea mgonjwa aliyenyamaza kwa maumivu, humwongoza kupona. Ndiyo picha ya kwanza ambayo Tanzania iliipeleka Marekani kugombea tuzo ya Oscar.

Nilimweleza kijana pia habari ya karatasi. Ngano ya bibi ni ya watu wote wa kwao, ila daftari ni lake. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 inalinda maandishi yake tangu anapoyaandika, na simulizi za jadi nazo zimewekewa sehemu yake humo, zisichukuliwe kibiashara kiholela. Aende COSOTA akaulize kabla hajapokea noti nyingine. Alisikiliza kwa heshima, lakini niliona macho yake yako kwenye ile elfu hamsini, ambayo alikuwa amekwisha kuinunulia mbolea. Sikumlaumu.

Mchana bibi alituita kula. Kijana, sijui kwa ujasiri gani, akamsomea bibi yake ukurasa wa mwisho, ule wa mapanga. Bibi alisikiliza mpaka mwisho huku akichambua mboga. Kisha akauliza: "Wakishamwua huyo bibi, yule mtoto mwingine wa kambo akitumwa mtoni kesho, atamkuta nani?"

Kijana akafunga daftari. Jioni, nilipokuwa nikifunga mzigo wangu kwa ajili ya basi la alfajiri, alikuja kuniomba kalamu; ya kwake ilikuwa imekwisha wino.